Uongo Njoo, Utamu Kolea: Kwa Nini Tamthilia Zisizoaminika Hazichuji

Waandishi wenzangu, waongozaji, wahariri, na nyinyi watazamaji mliokuja kuchungulia jikoni: habari za jioni.

Hadithi, hadithi!

(Ukumbi: Hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea!)

Mmejisikia mlichojibu? Hakuna aliyesema "ukweli njoo". Mtoto wa miaka mitano, bibi hajafungua hata mdomo, ameshauita uongo kwa jina lake, ameukaribisha ndani na ameshadai malipo: utamu ukolee. Kwa hiyo anayelalamika kwamba tamthilia ya saa tatu usiku haina uhalisia, kwamba marehemu hafufuki na pacha hafichwi miaka ishirini, huyo kaja shughulini bila kusoma kadi. Sisi jioni hii tunashughulika na nusu ya pili ya kile kiitikio. Utamu unakoleaje? Na kwa nini kuna siku uongo unakuja, umejipamba na manukato juu, lakini utamu haukolei, na rimoti inaanza kutafutwa chini ya mto wa kochi?

Jibu letu ni moja na tutalizunguka mpaka mwisho. Mtazamaji atakusamehe tukio lolote. Asichokusamehe ni moyo wa bandia.

Mapema miaka ya 1980, huko Uholanzi, mtafiti Ien Ang aliweka tangazo katika jarida la wanawake, akiomba wasomaji wamwandikie kwa nini wanaipenda au wanaichukia Dallas, tamthilia ya Marekani kuhusu ukoo wa matajiri wa mafuta. Alipata barua 42. Wengi wa wapenzi wa tamthilia ile walijua fika kwamba hakuna familia inayoishi hivyo, lakini waliona kwamba ugomvi, wivu, na furaha isiyodumu siku mbili ni vya kweli kabisa. Ang akaona kwamba ukweli wanaoutafuta watu hawa uko kwenye hisia, wala si kwenye matukio.

Hapa Dar es Salaam hilo lilijulikana kabla ya barua hizo, kwenye picha za Kihindi. Chukueni Amar Akbar Anthony ya 1977. Ndugu watatu waliopotezana utotoni, mmoja kalelewa Mhindu, mmoja Muislamu, mmoja Mkristo, wamelala kwenye vitanda vitatu wakimtolea damu mwanamke mmoja kwa wakati mmoja. Damu inapanda juu, inachanganyika kwenye chupa moja, inamshukia mgonjwa. Mgonjwa ni mama yao, na wote wanne hawajui. Muuguzi wa mwaka wa kwanza atakwambia damu haipandi mlima, wala haichanganywi hivyo. Lakini hata huyo muuguzi analia, kwa sababu "wanangu watatu wananipa uhai na sijui ni wanangu" ni jambo ambalo moyo unalielewa bila maabara. Na tazameni: hakuna hata mmoja kati ya wale wanne anayefanya kitu ambacho mtu wa kawaida asingefanya. Wanatoa damu tu. Muujiza umewekwa kwenye mirija, haukuwekwa kwenye tabia.

Sasa tuone pale mambo yanapoharibika, na Dallas hiyohiyo ndiyo somo bora. Mwezi Mei 1985 Bobby Ewing aligongwa na gari akafa, familia imemzunguka kitandani. Ikafuata msimu mzima wa maisha bila yeye. Mei 1986 Pam, aliyekuwa mkewe, anafungua mlango wa bafu na kumkuta Bobby anaoga. Septemba ikaelezwa: msimu mzima uliopita, sehemu 31, ulikuwa ndoto ya Pam. Watu wengi husema kosa lilikuwa kumfufua. Sivyo, wafu wamefufuliwa kwenye tamthilia mara nyingi na watu wakapiga vigelegele. Kosa ni kwamba waandishi waliyafuta machozi. Mtazamaji alikuwa amelia, amekasirika na ameanza kumzoea mtu mpya, halafu akaambiwa hayo yote hayakutokea. Uongo ulimrudia yeye, si wahusika. Na uharibifu ukavuka ukuta: tamthilia dada yake, Knots Landing, ilikuwa imeshamlilia Bobby, hata mtoto akapewa jina lake. Ile haikufuta kilio chake. Tangu hapo tamthilia mbili zilizokuwa jirani zikawa zinaishi katika dunia mbili tofauti, na mahusiano yao yakaishia hapo.

Kwa upande wa pili kuna Days of Our Lives, iliyoanza 1965. Mwaka 1994 hadi 1995 iliweka kisa cha daktari Marlena kuingiwa na shetani. Macho yamebadilika rangi, mwili unaelea juu ya kitanda, saa za mchana, kati ya matangazo ya biashara. Ukikisimulia hivyo utacheka. Lakini waliomzunguka walikuwa watu waliompenda, kila mmoja na hofu yake ya kawaida: huyu si yule ninayemjua, nimfanyeje? Nani humu ndani hajawahi kumtazama mtu wa nyumbani kwake akajiuliza swali hilo? Mwaka 2021 wakakirudia.

Basi tuingie jikoni. Tutasuka kisa kimoja mbele yenu, kile kigumu kuliko vyote: marehemu anarudi.

Tatizo la kwanza ni mwili. Kwa Wakristo wetu sanduku hufunguliwa watu waage. Kwa Waislamu maiti huoshwa na watu wanaomfahamu. Ukitaka mtu arudi, lazima pawe na sababu thabiti ya kukosekana mwili, na Dar es Salaam sababu hiyo tumepewa bure: bahari. Tumpe nahodha wa mashua ya uvuvi, nyumba yake Mbagala, mke Zuhura, na Idi, mdogo wa nahodha. Mashua izame Julai, kusi kikiwa kimechafuka, kaskazini ya Mafia.

Hapa ndipo waandishi wengi huanguka, na wanaanguka kwenye kitu kidogo. Wanamtoa nahodha baharini na kumwibua Mtwara. Mkondo wa bahari wa pwani yetu unakwenda kaskazini, na wakati wa kusi unakwenda kwa kasi zaidi. Mtu aliyeng'ang'ania dumu la mafuta kutwa na kucha atasukumwa upande wa Unguja na Pemba. Akiokotwa na jahazi linalokwenda Pemba, mvuvi wa Kunduchi anayetazama atatikisa kichwa kukubali. Akiibukia Mtwara, mvuvi yule atacheka, na mkewe aliye pembeni, ambaye hakuwa na habari na mikondo, ataacha kuamini kila kitu, hata kilio cha Zuhura. Uongo mmoja mkubwa unabebwa na kweli ndogo hamsini, na kweli ndogo moja ikiteguka mzigo wote unashuka.

Tatizo la pili ni eda. Mjane hukaa eda miezi minne na siku kumi. Lakini mke wa mtu aliyepotea tu si mjane bado. Kwa hiyo lazima wawepo manusura, tuseme wawili, walioona kwa macho yao nahodha anazama na hakuibuka. Msiwafanye waongo. Waliona kweli, walikosea kweli. Wapeni sini moja ya dakika mbili, mmoja ashindwe kumaliza maneno. Ukiruka sini hiyo, kuanzia siku Zuhura anaolewa na shemeji yake Idi kuna bibi kwenye kila sebule anayeuliza, "Huyu eda kaanza kwa ushahidi gani?" Na bibi huyo ndiye anayeshika rimoti.

Tatizo la tatu ni simu, na limeua visa vingi kuliko kitu chochote. Kwa nini nahodha hapigi? Simu imezama, sawa, aazime. Tena watu wengi siku hizi hawajui kwa kichwa hata namba ya mwenza wao (nyanyueni mkono mnaoijua, naona mikono mitatu, na mmoja anadanganya). Lakini hilo linatosha wiki moja. Pemba kuna masheha, viongozi wa serikali mitaani. Mtu akitupwa ufukweni sheha ataarifiwa, na habari itafika Mbagala kabla ya magharibi.

Mwandishi mvivu hapa hutoa dawa yake: kapoteza kumbukumbu. Tusimame kidogo. Mtu aliyeumia kichwa kwa kawaida husahau kipindi cha karibu na ajali, au hushindwa kuhifadhi mambo mapya. Kusahau jina lako, mkeo na mtaa wako huku unakumbuka kuongea, kupika na kuendesha gari ni jambo la nadra, na mara nyingi chanzo chake ni mshtuko wa nafsi. Na kugongwa kichwa mara ya pili hakurudishi kumbukumbu, kunaongeza jeraha. Lakini hata tuseme mtazamaji hajali udaktari, na kweli hajali sana, kasoro kubwa ya kusahau ni kwamba kunamwondolea mhusika dhamana. Asiyekumbuka hana kosa, hana uchaguzi, hana la kujibu. Umemweka steringi wako kwenye friji.

Tumieni aibu. Nahodha aliondoka siku ambayo wazee walisema upepo haufai, na vijana wawili wa mtaani kwake aliowachukua wamekufa. Anakumbuka kila kitu. Ameshindwa kurudi kuwatazama mama zao. Amejichanganya na wavuvi wa dago, watu wanaohama na msimu, ambao hawaulizani sana maswali. Kwa sheha amejiandikisha kwa jina jingine. Tazameni kilichotokea: tukio bado haliaminiki, lakini sababu inaaminika na kila mtu aliyewahi kukwepa njia fulani kwa sababu ya deni.

Kipimo sasa. Nafasi ya nusu saa kwenye televisheni, ukitoa matangazo, inakuachia dakika 22 hadi 24. Kwa sini za dakika mbili hizo ni kama sini 11. Gawa nyuzi tatu: tano za kisa kikubwa, nne za kisa cha kati, mbili za kichekesho au watoto. Uongo ukae kwenye uzi wa kwanza peke yake. Ukiwa na nahodha anayerudi, usiwe tena na mtoto aliyebadilishwa hospitali kwenye uzi wa pili; huo uwe na mambo ya kodi ya nyumba, kijana anayefeli, wifi anayechukua vyombo bila kurudisha. Muujiza mmoja kwa robo mwaka unatosha. Wa pili ukija kabla ya wa kwanza kulipwa, watu wanaanza kuhesabu badala ya kuhisi.

Mgawanyo wetu kwa sehemu 24, tatu kwa wiki, ni huu. Ya kwanza hadi ya nne, kuzama na matanga. Ya tano hadi ya tisa, eda, na Idi anayeleta unga na mafuta kila Ijumaa na kukaa kwenye kiti cha mlangoni bila kuingia. Msiharakishe hapa. Sehemu tano za mwanamume asiyeingia ndani ndizo zitakazolipa gharama ya kila kitu kinachofuata. Ya kumi, ndoa. Na sekunde thelathini za mwisho za sehemu ya kumi: ufukwe, Pemba, mikono inapaa samaki, kamera inapanda, ni yeye.

Kwa nini mtazamaji ajue mapema, kabla ya Zuhura? Kwa sababu mshtuko unadumu jioni moja, hofu inadumu mwezi. Mkificha mpaka mlango ufunguliwe, mtapata kelele moja. Mkimwambia mtazamaji, kila Zuhura anapocheka na mume mpya, chumba kizima kinaguna. Na kesho yake saluni, kwenye daladala ya Gongo la Mboto, kwenye foleni ya maji, watu wana kazi ya kufanya: kujua kitu ambacho mhusika hajui ni umbea halali, umbea usiomuumiza jirani. Hiyo ni sehemu kubwa ya utamu, na haihitaji hata shilingi moja ya bajeti. Kwa nini isiwe kabla ya ndoa, basi? Kwa sababu mkimwonyesha yu hai sehemu ya saba, ndoa yenyewe inageuka hila ya mwandishi, na watu watamchukia Idi, ambaye hana kosa.

Ya kumi na moja hadi kumi na tisa anakaribia: anasikia habari ya ndoa, anakataa, anavuka Unguja, anafika Feri, anarudi nyuma. Ya ishirini ni mlango. Nne za mwisho ni malipo, na humo lazima awemo shehe, kwa sababu mume wa kwanza akirudi kuna hukumu za kujadiliwa, na familia yoyote ya Mbagala ingemwita kabla ya kumwita polisi. Waandishi humsahau. Pia wekeni mtu mmoja wa kusema mashaka ya mtazamaji waziwazi. Wifi anafaa. Nahodha akirudi, wifi aseme, "Huyu si kaka yangu, mnioneshe kovu la mguuni." Mtazamaji akisikia mashaka yake yametamkwa na mtu mkali kuliko yeye, anayaweka chini.

Visa vingine tuvipitie kwa haraka.

Pacha mwovu. Mapacha wa kufanana wana vinasaba vilevile kwa kipimo cha kawaida, kwa hiyo kipimo hakitamuumbua. Alama za vidole ndizo zinazotofautiana. Na hapa kwetu laini za simu zinasajiliwa kwa alama za vidole tangu 2019. Ina maana pacha mwovu anaweza kulala kitanda cha mwenzake, akamdanganya mkwe na mwajiri, halafu akakwama kwa kijana wa kibandani mwenye mwavuli, siku anapotaka kurudisha laini iliyopotea. Sini hiyo inajiandika yenyewe.

Baba si baba. Acheni mambo ya kuokota unywele kwenye kitana na kupata majibu jioni. Unywele uliokatika bila shina haufai kwa kipimo cha kawaida cha uzazi, na nchini kwetu vipimo hivi vinasimamiwa na Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali chini ya sheria ya 2009. Maombi hupitia watu waliotajwa, kama mahakama, polisi au afisa ustawi wa jamii. Msilione hilo kama kikwazo. Afisa ustawi wa jamii anayemjua mama mkwe ana thamani ya sehemu tatu. Au tumieni kundi la damu, ambalo linatajwa kwa bahati mbaya kliniki: wazazi wote wawili wakiwa O, mtoto wa AB anahitaji maelezo.

Mwanamke wa pili anayejitokeza msibani na watoto wawili: huyu si uongo hata kidogo, lakini waandishi humfanya apige kelele tu. Mpeni sheria. Kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinasema walioishi pamoja miaka miwili au zaidi na wakajulikana kama mume na mke huchukuliwa kuwa wameoana, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Mwanamke mpole mwenye kifungu mkononi anatisha kuliko anayegaragara.

Aliyezimia miezi sita akaamka na wanja: hapana. Misuli imelegea, sauti imekauka. Mfanyeni ashindwe kushika kikombe, na mumtoe wanja.

Tukiwa kwenye mwendo, tahadhari kwa mnaojifunza kutoka tamthilia za Kituruki. Kwao sehemu moja huwa zaidi ya saa mbili, mara moja kwa wiki. Ikiuzwa nje hukatwa vipande. Kile kituo cha ghafla mnachokiona, mtu kafungua bahasha na wimbo wa tamthilia ukaingia, mara nyingi ni kazi ya mkasi, si ya mwandishi. Msikiige kama kanuni. Na kwa wale mnaoona aibu kwamba wahusika wetu wanarudia maneno: kazi hii ilizaliwa redioni Marekani miaka ya 1930, Irna Phillips na wenzake wakiandikia akina mama waliokuwa wakifua na kupika, kwa fedha za makampuni ya sabuni. Sikio lilikuwa moja, mikono ilikuwa na kazi. Leo Manzese samaki wako kwenye mafuta na televisheni iko chumba cha pili. Habari kubwa isemwe mara tatu, na watu watatu, kila mmoja na nia yake. Ikisemwa mara tatu na mtu mmoja, huo ndio uchovu.

Jambo moja la mwisho kabla ya kazi. Kisichoaminika hakifanani kila mahali. Jini kwenye tamthilia ya Bongo haliulizwi kitambulisho. Lakini andikeni binti ameolewa bila mahari kuzungumzwa, shangazi yupo na amenyamaza, mtaona barua. Mwaka 2011 TBC ilipoonyesha tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou kwa sauti za Kiswahili, watu hawakuhangaika kwamba nyumba, vyakula na majina ni vya Beijing. Walimtambua mama mkwe. Rais Xi Jinping mwenyewe aliitaja alipohutubia hapa Dar es Salaam Machi 2013.

Sasa kalamu. Mna dakika ishirini. Andikeni sini ya mlango, sehemu ya ishirini, isizidi maneno arobaini ya mazungumzo. Nahodha asionwe kwanza na Zuhura wala Idi. Aonwe na mtu asiyepata wala kukosa kitu, mtoto wa jirani aliyetumwa chumvi, kwa mfano, ambaye hamjui. Mtoto amuulize, "Unamtaka nani?" Anachojibu nahodha ni chenu. Tukimaliza tutasoma kwa sauti, na wifi tunamtafuta humu humu ukumbini.